Dhamana kwa mtuhumiwa wa kuchafua maji: Mtu atoke, bomba lifungwe

KATIKA maneno ambayo Mrundi aliyerejea kutoka Tanzania huja nayo mdomoni, mojawapo ni dhamana. Kule Kasulu na Kibondo, mtu akikamatwa kwa kosa la kawaida ndugu zake hawalali. Wanahangaika kutafuta wadhamini wenye makazi yanayojulikana na barua ya mtendaji wa kijiji, ili kesho yake atoke. Akifika Bujumbura na kesi ikamkuta hapa, anauliza lile lile alilolizoea: mdhamini ni nani, na barua inachukuliwa wapi? Anajibiwa kwamba hapa jambo hilo linaitwa liberté provisoire, yaani kuachiwa huru kwa muda, na kwamba lina taratibu zake.

Tofauti hiyo inawagusa zaidi wale ambao kazi zao zinagusa maji, nao ni wengi kuliko tunavyodhani. Fundi magari wa Buyenzi anayemwaga oili chafu mferejini, mkamuaji mawese wa Rumonge ambaye maji ya mashine yake yanateremkia kijitoni, mpika sabuni, mchinjaji, mwosha magari kando ya mto, mwenye boti ya mizigo inayovuja dizeli bandarini: kila mmoja wao anaweza kujikuta siku moja amekaa mbele ya OPJ, akiulizwa uchafu wake unakwenda wapi.

Makala haya yanaangalia swali moja tu. Mtu aliyetuhumiwa kuchafua maji, je, aachiwe asubiri kesi yake akiwa nyumbani, au asubiri akiwa Mpimba? Wapo wanaosema kwamba anayetia sumu katika maji ya watu wote hastahili huruma. Wapo pia wanaosema kuwa mtu hana hatia mpaka mahakama iseme anayo. Pande zote mbili zina hoja, lakini mara nyingi zote zinasahau kuuliza jambo la tatu: wakati wakubwa wanabishana juu ya mtu, bomba lenyewe limefungwa?

Ziwa lenye mlango mmoja

Ziwa Tanganyika si bwawa la kawaida. Lina urefu wa kilometa zipatazo 670, kina chake kinafika karibu mita 1,470, na ukiacha barafu, linabeba takriban asilimia 17 ya maji baridi yaliyo juu ya uso wa dunia. Nchi nne zinaligawana: Burundi, Kongo, Tanzania na Zambia. Mito inayoingia ni mingi, ukiwamo Rusizi unaotoka Ziwa Kivu. Mto unaotoka ni mmoja tu, Lukuga, ulio upande wa Kongo.

Sehemu kubwa ya maji ya ziwa hili huondoka kwa njia ya mvuke. Mvuke unapopanda hauchukui chumvi wala metali nzito zilizoletwa na mito, bali unaziacha humo humo. Kwa hiyo uchafu unaoingia Tanganyika umeingia kwenye nyumba yenye mlango mwembamba mno wa kutokea, nao utakaa humo vizazi na vizazi.

Bujumbura imekaa kwenye pembe ya kaskazini ya ziwa hilo. Ntahangwa, Muha na Kanyosha zinapita katikati ya makazi ya watu zikielekea ziwani, na kila mferejini palipomwagwa kitu, mvua ikinyesha kinafika. REGIDESO nayo inavuta sehemu kubwa ya maji ya bomba ya mji kutoka ziwa hilo hilo. Yaani mdomo unaokunywa na mkono unaomwaga vinakutana mahali pamoja. Januari 2023 Wizara ya Afya ilitangaza mlipuko wa kipindupindu Bujumbura, na kila mtu mjini akakumbushwa kwamba maji machafu hayachagui mtaa.

Sheria hazikukosekana. Burundi ilipata Kanuni ya Mazingira mwezi Juni 2000, ikapata Kanuni ya Maji Machi 2012, na mwaka 2021 Kanuni ya Mazingira iliandikwa upya. Juni 12, 2003 nchi nne za ziwa zilitia saini mjini Dar es Salaam mkataba wa kulitunza ziwa, na Mamlaka ya Ziwa Tanganyika iliyozaliwa na mkataba huo makao yake yako Bujumbura. Miongoni mwa misingi ya mkataba huo ni kwamba anayechafua ndiye anayelipa, na kwamba ni bora kuzuia madhara kuliko kuyangoja. Misingi hiyo miwili tuishike, maana tutaihitaji tukifika kwa jaji.

Njia anayopita mtuhumiwa

Hatua ya kwanza ni kituoni. Kwa mujibu wa Kanuni ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya Burundi, iliyoandikwa upya mwaka 2013 na tena mwaka 2018, OPJ anaweza kumshikilia mtu kwa muda usiozidi siku 7. Mwendesha mashtaka anaweza kuziongeza, lakini jumla isizidi mara mbili ya hizo. Baada ya hapo mtu ama aachiwe, ama faili lake liende kwa mwendesha mashtaka.

Hatua ya pili ndiyo inayowatisha watu, nayo ni kuwekwa rumande kabla ya hukumu. Hapa sheria imeweka vizingiti, na mtuhumiwa anafaa kuvijua kwa moyo. Kwanza, lazima kuwe na dalili za kutosha za hatia. Pili, kosa lenyewe liwe ni lile ambalo adhabu yake ni kifungo cha mwaka 1 au zaidi. Kosa ambalo sheria imelipangia faini tu haliwezi kumpeleka mtu rumande. Tatu, kumweka ndani kuwe ndiyo njia pekee ya kufikia lengo mojawapo kati ya haya: kulinda ushahidi, kuzuia mashahidi wasitishwe, kulinda utulivu wa umma, kumlinda mtuhumiwa mwenyewe, kukomesha kosa lisiendelee au lisirudiwe, au kuhakikisha kwamba mtuhumiwa atapatikana akihitajika.

Hatua ya tatu ni mbele ya jaji, katika kikao cha faragha ambacho hakisikilizi kesi yenyewe. Swali la kikao hicho ni moja: huyu abaki ndani au atoke? Jaji akikubali abaki, amri yake inadumu siku 30, kisha lazima iangaliwe upya, mwezi kwa mwezi. Jaji akiona inafaa atoke, anaweza kumwachia kwa masharti: asihame mahali fulani, asivuke mpaka wa eneo fulani bila ruhusa, asikanyage mahali fulani, aripoti siku fulani, au aweke kiasi cha pesa kama rehani ya kurudi kwake. Hiyo ndiyo dhamana ya Burundi. Mwenye kuhitaji mdhamini na barua ya mtendaji ajue kwamba hapa kinachopimwa kwanza ni yeye mwenyewe na masharti atakayoweza kuyatimiza.

Tusichanganye dhamana na msamaha. Mwaka 2021 Rais Évariste Ndayishimiye alitoa msamaha kwa wafungwa zaidi ya 5,000, na wengi walitoka magerezani wakishangiliwa. Huo ulikuwa msamaha. Aliyeachiwa kwa muda hajasamehewa chochote, kesi yake iko pale pale na siku akiitwa lazima aende.

Jaji anaogopa nini?

Tuzichukue sababu tatu kati ya zile zilizotajwa, tuziweke kando ya mto tuone zinasemaje.

Ya kwanza ni ushahidi. Kesi ya wizi wa ng'ombe ina ng'ombe. Kesi ya maji ina maji, na maji hayangoji. Oili iliyomwagwa Ntahangwa asubuhi, jioni iko ziwani. Kwa hiyo kinachoilinda kesi ni sampuli iliyochotwa mapema, ikafungwa kwa lakiri, ikaandikwa kwenye PV pamoja na mahali na saa. Sampuli nzuri huchotwa juu ya bomba na chini ya bomba, ili ionekane kama uchafu umetoka kwa mtu huyo au ulikuja na mto kutoka juu. Sampuli hiyo ikishakuwa mikononi mwa serikali, mtuhumiwa hawezi tena kuiharibu hata akilala kwake. Basi sababu ya kumfungia ili kulinda ushahidi inapungua nguvu, na ni haki ya wakili kulisema hilo mbele ya jaji.

Ya pili ni kosa kuendelea. Hapa ndipo kesi za maji zinapotofautiana na nyingine. Mtu aliyempiga mwenzake ngumi, ngumi ile imekwisha. Mtu mwenye bomba linalomwaga majitaka, kosa lake linatiririka usiku na mchana, yeye awepo au asiwepo. Ukimweka ndani kibarua aliyekutwa ameshika ndoo, mashine haizimiki. Kesho anaajiriwa kibarua mwingine, ndoo ni ile ile. Ukimwachia mwenye mashine kwa pesa peke yake, naye akarudi kuiwasha, pesa ile imegeuka kuwa kodi ya kuchafua. Njia zote mbili zinaliacha ziwa pale lilipokuwa.

Ndiyo maana tunasema dhamana ya kesi hizi ianze na bomba. Maofisa wa mazingira, ikiwamo ofisi ya OBPE iliyoanzishwa mwaka 2014, wana kazi ya kukagua na kuandika. Mtuhumiwa mwenye busara hasubiri kuamriwa. Anaziba mwenyewe, anaomba ofisa aje aone na aandike, na karatasi hiyo anakwenda nayo mbele ya jaji. Ikiwa bomba limezibwa na imeandikwa hivyo, ile hoja ya kukomesha kosa imekwishajibiwa bila mtu kulala ndani. Naye jaji akiongeza sharti kwamba mtuhumiwa asisogelee mtambo mpaka kesi iamuliwe, ziwa limepata pumziko na mtu amepata haki yake.

Ya tatu ni kutoroka, na hii ndiyo inayowaumiza wasomaji wetu wengi.

Kuku mgeni

Wahenga walisema kuku mgeni hakosi kamba mguuni. Aliyerejea juzi kutoka Nyarugusu bado anatafuta kiwanja. Mfanyabiashara wa mpakani ana chumba Buyenzi, shemeji Uvira na stoo Kigoma. Jaji akiuliza "unaishi wapi?", jibu linakuwa refu, na jibu refu mahakamani linafanana na jibu la mtu anayetaka kukimbia.

Hofu ya jaji si ya kuzua. Dunia nzima inakumbuka yaliyotokea Bhopal, India, Desemba 1984, ingawa pale ilikuwa gesi ya sumu, si maji. Mkuu wa kampuni ya Kimarekani iliyohusika, Warren Anderson, alifika, akakamatwa Desemba 7, akaachiwa kwa dhamana, akaondoka nchini. Hakurudi tena kusimama kizimbani mpaka alipofariki dunia mwaka 2014. Dhamana ile ilimfungulia mlango bila kushika kitu chochote.

Lakini anayekimbia kwa ndege si sawa na anayevuka mpaka na magunia mawili ya dagaa. Huyu wa pili maisha yake yote yako ndani ya kilometa chache, na njia ya kumwonyesha jaji hilo ni karatasi. Daftari la kaya lililoandikwa na mkuu wa mtaa, mkataba wa pango, stakabadhi za kodi kutoka OBR, namba ya usajili wa biashara, watoto walioandikishwa shule, hati ya kurejea kwa hiari kwa aliyetoka kambini: vyote hivyo ni kamba inayoonyesha kwamba kuku huyu ana banda. Anayeishi kwa kuvuka mpaka aombe mapema ruhusa ya maandishi ikiwa sharti lake linamzuia kutoka nje ya mji. Kuvuka bila ruhusa, hata kwa siku moja, hata kwa msiba, ni sababu ya kurudishwa ndani.

Ng'ambo ya mpaka

Anayefanya biashara nchi tatu hana budi kujua sheria tatu. Tanzania, kuchafua maji hakumo katika orodha ya makosa yasiyo na dhamana kama mauaji, uhaini au unyang'anyi wa kutumia silaha. Kwa hiyo mtuhumiwa anaweza kuomba dhamana, lakini mahakama ina uwezo wa kumtaka asalimishe pasipoti au hati yake ya kusafiria. Mrundi asiye na mdhamini upande ule hapo ndipo anapokwama.

Kongo, sheria ya mwenendo wa jinai ya mwaka 1959 inasema wazi kwamba kumweka mtu ndani kabla ya hukumu ni jambo la dharura, si kawaida. Mtuhumiwa anaweza kuachiwa kwa kuweka pesa kwa karani wa mahakama. Anayejua utaratibu wa Uvira hatashangazwa sana na wa Bujumbura, kwa sababu zote mbili zina asili moja ya Kibelgiji.

Kenya imekwenda mbali zaidi. Katiba yake ya mwaka 2010, kifungu cha 49, inampa mtuhumiwa haki ya kuachiwa kwa masharti yanayostahili isipokuwa kuwe na sababu nzito, na inakataza kumweka rumande mtu ambaye kosa lake ni la faini tu au la kifungo kisichozidi miezi 6. Burundi nayo imefungwa na Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa, iliojiunga nao mwaka 1990, unaosema kwamba kuwaweka ndani watu wanaosubiri kesi kusiwe ndiyo kawaida.

Nani analala ndani?

Gereza la Mpimba lilijengwa kwa ajili ya watu 800. Kwa miaka mingi limebeba mara kadhaa ya idadi hiyo, na wengi waliomo ni watu ambao kesi zao hazijaamuliwa. Kumwongeza humo kijana aliyekutwa akiosha gari mtoni ni kuongeza msongamano bila kupunguza uchafu hata tone. Kampuni haiwezi kulala Mpimba. Anayelala ni mlinzi wa zamu, dereva wa lori la majitaka au kibarua wa siku.

Mfano mkubwa wa Afrika uko Abidjan. Agosti 2006 meli Probo Koala, iliyokodiwa na kampuni ya Trafigura, ilishusha taka za sumu ambazo zilimwagwa usiku sehemu mbalimbali za mji. Watu zaidi ya 100,000 walikwenda kutafuta matibabu. Septemba mwaka huo wakuu wa kampuni waliofika Abidjan walikamatwa wakawekwa gerezani. Februari 2007 kampuni, ambayo wakati wote imekana kuwa na hatia, ilikubaliana na serikali kulipa faranga za CFA bilioni 95, na wakuu wale wakaachiwa na kuondoka. Oktoba 2008 mahakama ya Abidjan ilimhukumu mkuu wa kampuni ndogo ya pale mjini, iliyomwaga taka hizo, kifungo cha miaka 20.

Hatusemi kwamba aliyemwaga hakustahili adhabu. Tunasema kwamba pesa ikifanywa ndiyo ufunguo pekee, mwenye nazo atatoka na asiye nazo atabaki, na wote wawili wakiwa kwenye faili moja.

Pesa za aina tatu

Jambo la mwisho ni la kujilinda. Mtuhumiwa anapoambiwa "toa pesa uende", aulize ni pesa gani. Ipo pesa ya kumaliza shauri dogo, ambayo sheria inairuhusu kwa baadhi ya makosa mepesi. Ukiilipa, kesi imekwisha na pesa hairudi. Ipo pesa ya dhamana. Ukiilipa, kesi inaendelea, na lengo lake ni wewe kurudi. Hizi mbili zina stakabadhi yenye muhuri na jina la kosa. Ya tatu haina stakabadhi, na kila mtu anajua jina lake. Aliyelipa hiyo ya tatu hajanunua uhuru, amenunua wiki moja, kwa sababu faili bado liko mezani na bomba bado linamwaga.

Kwa hiyo, ndugu msomaji mwenye gereji, mashine ya mawese au boti ya mizigo, chimba shimo la kuchuja majitaka yako kabla OPJ hajabisha hodi. Tafuta pipa la kuwekea oili chafu. Weka karatasi zako pamoja. Usipoziba ufa utajenga ukuta, na ukuta wa Mpimba ni mrefu.

Na kwa wanaoshika kalamu ya kuamua, ombi letu ni fupi. Mtuhumiwa anapoletwa mbele yenu, kabla ya kuuliza ana faranga ngapi, ulizeni sampuli iko wapi na bomba liko katika hali gani. Likiwa limezibwa na yeye anajulikana anapoishi, mwacheni aende akalishe watoto wake mpaka siku ya kesi. Likiwa bado linamwaga, hata mkimfungia mwaka mzima, jioni ya leo mji huu utakunywa kile kile alichomwaga.